Mwaka wa siku 445: rekodi za kalenda kwa anayebuni dunia ya bahari

Mpwa wangu anaandika hadithi za kubuni, zile za dunia zisizokuwapo. Ya sasa ni dunia ya maji matupu: haina bara, ina visiwa vichache tu, na watu wake huzaliwa, huoana na hufa vyomboni. Juzi alikuja kwangu na karatasi mkononi. "Mjomba, hebu nitazamie kalenda yao." Nikavaa miwani. Miezi 13, kila mwezi siku 28, kila mwezi wiki nne barabara, na kila tarehe mosi ni Jumamosi. Nadhifu kama kanzu ya Idi.

"Hii ni kalenda ya karani, mwanangu," nikamwambia. "Baharia hafiki nayo mbali."

Alinuna. Sikutaka kumvunja moyo, basi nikaanza kumtolea mifano ya kalenda za kweli zilizoweka rekodi ya hili au lile, nyingi zikiwa za watu wa pwani na visiwani. Tulianza baada ya alasiri, tukanyanyuka kwa adhana ya isha. Haya ndiyo niliyomwambia, pamoja na machache niliyoyakumbuka akishaondoka.

Mwaka mrefu, mwaka mfupi

Rekodi ya urefu ni ya Roma, na haijaguswa kwa miaka elfu mbili na ushei. Mwaka 46 kabla ya Kristo ulikuwa na siku 445.

Kalenda ya Warumi ilikuwa ya siku 355. Ili isiachane na jua, makuhani walitakiwa kupachika mwezi wa nyongeza kila baada ya muda. Lakini makuhani hao walikuwa wanasiasa pia. Rafiki akiwa madarakani, mwaka ulirefushwa. Akiwepo hasimu, mwezi wa nyongeza "ulisahauliwa". Vita vya wenyewe kwa wenyewe vikamalizia kuvuruga. Julius Caesar alipoishika nchi, kalenda ilikuwa imeyatangulia majira kwa karibu miezi mitatu. Sasa mfikirie nahodha wa Mediterania, bahari ambayo Warumi waliihesabu kuwa imefungwa tangu Novemba hadi Machi kwa ajili ya dhoruba. Kalenda inamwambia ni Machi, ang'oe nanga. Huko nje bahari bado iko Desemba.

Caesar alimsikiliza mnajimu Sosigenes wa Alexandria. Akauongezea mwaka ule mwezi wa siku 23 baada ya Februari, kisha siku nyingine 67 kati ya Novemba na Desemba. Jumla ikawa 445, na watu wakaukumbuka kama mwaka wa mchafuko. Mwaka uliofuata ndio ulioanza kalenda ya siku 365 na robo, ambayo dunia inaitumia hadi leo baada ya kusahihishwa mwaka 1582, Papa Gregory XIII alipofuta siku kumi za Oktoba.

Wa kinyume chake uko Uingereza. Kwa desturi yao ya kale mwaka 1751 ulianza tarehe 25 Machi, halafu sheria ikaukata tarehe 31 Desemba ili 1752 uanze Januari mosi. Siku 282 tu. Mwaka wa pili wakafuta siku 11 za Septemba, na waliolala usiku wa tarehe 2 wakaamka tarehe 14.

Waswidi walijaribu kuwa wajanja zaidi. Mwaka 1700 waliamua kuhama polepole, kwa kuruka siku ya nyongeza ya kila mwaka mrefu kwa miaka arobaini. Waliruka ya kwanza, wakasahau ya 1704 na ya 1708, wakajikuta na kalenda isiyolingana na ya mtu yeyote duniani. Ili kurudi walikotoka, mwaka 1712 waliongeza siku ya pili kwenye Februari. Ndipo Swidi ikawa na tarehe 30 Februari. Mpwa wangu aliipenda sana hii, akaiandika pembeni ya karatasi yake na kuipigia mstari.

Kisiwa kilichopoteza Ijumaa

Jambo hili linamhusu zaidi, maana ni la bahari hasa. Mwaka 1522 meli Victoria ilifika visiwa vya Cape Verde ikiwa na mabaki ya msafara wa Magellan, baada ya kuizunguka dunia yote. Antonio Pigafetta alikuwa ameandika shajara yake bila kuruka hata siku moja. Kwa hesabu ya chomboni ilikuwa Jumatano. Waliotumwa nchi kavu kutafuta chakula wakarudi na habari kwamba huko ni Alhamisi. Hakuna aliyekosea kuhesabu. Ukilifuata jua kuelekea magharibi hadi uizunguke dunia, unapungukiwa na siku moja, hata uwe makini vipi.

Tangu hapo bahari ya Pasifiki imekuwa mahali pa kupoteza na kuokota siku. Ufilipino, iliyokuwa ikifuata tarehe za Meksiko kwa sababu ilitawaliwa kupitia huko, iliifuta Desemba 31 ya mwaka 1844. Alaska iliponunuliwa na Marekani mwaka 1867 ilibadili kalenda na upande wa mstari wa tarehe, ule unaotenganisha leo na jana, kwa mkupuo mmoja, ikapata Ijumaa mbili mfululizo: ya tarehe 6 Oktoba na ya tarehe 18 Oktoba.

Ila bingwa ni Samoa, kwa kuwa imefanya yote mawili. Mwaka 1892 ilihamia upande wa Marekani, na Jumatatu ya tarehe 4 Julai ikarudiwa mara mbili. Kwa kuwa ulikuwa mwaka mrefu, Samoa ikawa na mwaka wa siku 367. Ikapita miaka mia na kumi na tisa. Wafanyabiashara wao sasa walishughulika na Australia na New Zealand, na kila Ijumaa ya Samoa ilikuwa Jumamosi kwa wenzao, na wao wakiwa kanisani Jumapili, Sydney iko kazini Jumatatu. Basi mwaka 2011 wakarudi walikotoka. Walilala Alhamisi tarehe 29 Desemba, wakaamka Jumamosi tarehe 31. Ijumaa ile haikuwapo kabisa kwa Samoa. Mtu aliyezaliwa Desemba 30 alilala hajatimiza umri, akaamka ameshautimiza.

Jirani yao Kiribati nayo ilikuwa imekatwa vipande viwili na mstari wa tarehe, hata ofisi za upande mmoja zikawa na siku nne tu kwa wiki za kuzungumza na za upande wa pili. Mwanzoni mwa 1995 serikali iliusukuma mstari mashariki. Kwa hiyo kisiwa cha Kiritimati (wenyewe hulitamka jina hilo kama Krismasi, maana katika lugha yao "ti" husomwa "s") kiko saa 14 mbele ya saa ya Greenwich na huwa miongoni mwa vya kwanza kuuona mwaka mpya. Hawaii, iliyo kaskazini yake, ina saa ile ile ukutani ila iko jana. Ukijumlisha tofauti zote hizi za visiwani, tarehe yoyote huishi duniani saa 50 tangu ianze upande mmoja hadi ife upande wa pili. Hakuna mwandishi wa hadithi ambaye angethubutu kubuni hilo. Wasomaji wangesema amezidisha chumvi.

Kalenda iliyozama

Mwaka 1901, wapiga mbizi wa sponji kutoka kisiwa cha Symi walikuwa wakitoa vitu kwenye meli ya kale iliyozama karibu na Antikythera, Ugiriki. Kati ya sanamu na mitungi kulikuwa na donge la shaba lililoliwa na chumvi. Donge lile lilikuwa kalenda ya gia, ya zaidi ya miaka elfu mbili iliyopita. Magurudumu ya meno yaliyosalia ni 30. Ukizungusha mkono, kulikuwa na uso unaoonyesha miezi 235, ambayo ni sawa na miaka 19 ya jua, na mwingine wa miezi 223 kwa ajili ya kujua lini jua au mwezi utapatwa. Pembeni kulikuwa na kiduara cha miaka minne, cha michezo ya Olimpiki na mingineyo.

Namba ile 235 ndiyo siri ya kila anayetaka mwezi na jua vipatane. Miezi 12 ya mwandamo ni siku 354, pungufu ya mwaka wa jua kwa siku 11 hivi. Tunalijua hilo kwa Ramadhani inavyorudi nyuma kila mwaka. Mwaka 2030 itaingia mara mbili, Januari na tena mwishoni mwa Desemba. Lakini ukingoja miaka 19, mwezi na jua vinarudi kukutana karibu palepale. Mashine ya Antikythera ndiyo kalenda ya gia ya kale kuliko zote tulizonazo, na ni bahari iliyotutunzia.

Iliyoandikwa na matumbawe

Hata hiyo ni changa. Matumbawe hukua kwa kujiongezea tabaka jembamba la chokaa kila siku, na mwendo wa ukuaji hubadilika kwa majira, kwa hiyo jiwe moja lina mistari ya siku ndani ya mikanda ya miaka. Mwaka 1963 mwanasayansi wa Marekani, John Wells, aliihesabu mistari hiyo kwenye visukuku vya matumbawe vya enzi ya Devonia, karibu miaka milioni 380 iliyopita. Alipata siku kama 400 kwa mwaka.

Si kwamba mwaka ulikuwa mrefu zaidi. Siku ndizo zilizokuwa fupi, kama saa 22 hivi. Kujaa na kupwa kwa maji huisugua dunia inapojizungusha, ikapunguza mwendo kidogo kidogo, huku mwezi nao ukisogea mbali, leo kwa sentimita 3.8 kila mwaka. Maana yake ni kwamba bahari haihesabu siku tu, inazirefusha. Nilimwambia mpwa wangu: dunia yako ina maji zaidi ya yetu, na umesema ina miezi miwili angani. Basi siku zake haziwezi kuwa za urefu mmoja tangu enzi za mababu zao. Mbona kalenda yako haijui?

Mnyoo anayeshika tarehe

Samoa na Fiji wana mnyoo wa baharini aitwaye palolo, anayeishi ndani ya miamba. Usiku mmoja au mbili hivi kwa mwaka, Oktoba au Novemba, mwezi ukiwa umebaki robo, mnyoo hukata nusu ya nyuma ya mwili wake iliyojaa mayai na kuiachia ielee juu. Kabla ya alfajiri watu huwa wameshaingia majini na vyandarua na ndoo. Ukikosa usiku ule, umekosa hadi mwaka ujao.

Visiwa vya Trobriand, Papua New Guinea, wamekwenda mbali zaidi. Huko mwezi mkuu wa mwaka unaitwa Milamala, jina la mnyoo huyo huyo. Sehemu mbalimbali za visiwa huanza mwezi huo kwa nyakati tofauti, ila watu wa Vakuta, kusini, ndio wanaomwona mnyoo. Asipotokea kwenye mwezi uliotarajiwa, mwezi ule hurudiwa, na hesabu yote inanyooka. Sijui tume ya kalenda iliyo rahisi kuigharimia kuliko hiyo.

Kwa majina ya usiku, sioni wa kuwashinda watu wa Hawaii. Kila usiku wa mwezi, thelathini zote, una jina lake. Usiku uitwao Hilo ni wa ule uzi wa kwanza wa mwezi mchanga, Māhealani ni mwezi mpevu, Muku ni giza la mwisho. Usiku zenye neno ʻole, yaani "hapana", ni za kushona nyavu tu, maana hakuna unachopata. Usiku hizo thelathini wamezigawa katika mafungu matatu ya kumi kumi. Likumbuke hilo kumi, nitalirudia.

Pia wao na jamaa zao Wamaori huuanza mwaka kwa nyota tunazoziita Kilimia. New Zealand wameifanya Kilimia, kwao Matariki, kuwa sikukuu ya taifa tangu 2022. Wakulima na mabaharia wetu nao waliitazama Kilimia kujua mvua, ila hatujaipa hata nusu siku ya mapumziko.

Maji yasiyojali mwezi, na maji ya saa nne

Watu husema maji makubwa kuliko yote duniani ni ya ghuba ya Fundy, Kanada, ambako tofauti ya kujaa na kupwa hufikia mita 16. Ni kweli, lakini kwa mtunga kalenda Tahiti ina kitu cha ajabu zaidi. Karibu kila mahali maji huchelewa kama dakika 50 kwa siku, kwa kuwa yanaufuata mwezi. Tahiti iko mahali ambapo mvuto wa mwezi karibu hauisogezi bahari, basi maji hulifuata jua: hujaa mchana na usiku wa manane, karibu kila siku ya mwaka. Ni mita chache tu za ufukwe zinazobadilika, lakini mtoto anaweza kujua saa kwa kutazama mguu wa gati.

Sisi tunaufuata mwezi, na bado tuna saa yetu. Unguja, siku za bamvua, mwezi ukiwa mchanga au mpevu, maji hujaa karibu na saa kumi, ya jioni na ya alfajiri, na hukauka karibu na saa nne. Ni hivyo kila bamvua, mwaka hadi mwaka. Nenda Paje au Jambiani asubuhi ya bamvua uone. Saa mbili wanawake bado wako uani, mmoja anafua, mwingine anakuna nazi. Hakuna anayetazama saa. Maji yakianza kuuacha ule mstari wa vigingi vya shamba la mwani, wanajifunga kanga ya pili kiunoni, wanachukua magunia na vikamba, wanashuka. Wanafunga mwani mpya, wanavuna uliokomaa, na mwenye mkonzo anapita kwenye miamba kumtafuta pweza. Baada ya saa sita maji yanarudi yakiwasukuma mgongoni. Hii ni kwa siku chache mfululizo, kisha maji mafu yanaingia, yasiyojaa sana wala kukauka sana, na shamba linabaki chini ya maji. Mkulima wa mwani hupanga harusi, safari na kwenda hospitali kwa maji mafu. Wiki ya Jumatatu hadi Ijumaa haimsaidii kitu.

Watu wenye kalenda nyingi kwa pamoja

Hapa nakiri kupendelea. Lakini nitajieni watu waliobeba hesabu nyingi kwa wakati mmoja kuliko watu wa pwani ya Uswahilini.

Siku yetu huanza magharibi, ndiyo maana usiku wa Ijumaa ni ule wa kuamkia Ijumaa. Saa zetu lakini huanza alfajiri, saa moja ikiwa ni saa ya kwanza ya mwanga. Wiki yetu inaanza Jumamosi na kuhesabu mosi, pili, tatu, nne, tano. Jumatano, siku ya tano, ikishapita, tunaingia Alhamisi, ambayo kwa Kiarabu nayo ni "ya tano". Kwa hiyo tuna wiki yenye siku mbili za tano na hakuna ya sita, na sijawahi kumwona Mswahili aliyechanganyikiwa kwa hilo. Miezi ya mwandamo tunaihesabu tangu tulipofungua: Mfunguo Mosi, Mfunguo Pili, hadi Mfunguo Tisa, halafu Rajabu, Shaabani na Ramadhani. Pepo nazo zina mwaka wao: kaskazi ya kuleta majahazi kutoka Uarabuni, kusi ya kuyarudisha, na maleleji katikati wakati upepo haujui unakwenda wapi. Januari hadi Desemba ni ya shule na mshahara.

Na chini ya hizo zote ipo ile ya miongo. Mwaka wa Nairuzi una siku 365, umegawanywa katika miongo 36, kila mwongo siku kumi, na siku tano za kumalizia. (Mpwa wangu alicheka: kalenda ya waongo? Nikamwambia waongo ni watu, miongo ni makumi.) Asili yake ni Uajemi, na mabaharia wa bahari ya Hindi waliitumia kwa sababu moja ya maana: upepo ni mtoto wa jua, si wa mwezi. Ukimwambia nahodha aondoke Rajabu, mwaka huu Rajabu iko kwenye kaskazi, baada ya miaka kadhaa iko katikati ya kusi. Ukimwambia aondoke siku fulani ya Nairuzi, atapata upepo. Ibn Majid, baharia mkubwa wa karne ya 15 aliyezaliwa Julfar, Ras al-Khaimah ya leo, ndivyo alivyoandika nyakati za safari: kwa siku za Nairuzi.

Kalenda hii ina kasoro moja. Haina mwaka mrefu, kwa hiyo inarudi nyuma karibu siku moja kila miaka minne. Kwa maisha ya nahodha mmoja hilo si kitu. Kwa miaka mia tano ni miezi minne. Enzi za Ibn Majid, Nairuzi ilikuwa ikiangukia Novemba, kaskazi ikikaribia. Siku hizi Makunduchi, Unguja, wanauoga mwaka wao, Mwaka Kogwa, mwezi wa Julai, katikati ya kusi: wanaume wa pande mbili wanapigana kwa magomba ya migomba kumaliza kinyongo cha mwaka, kibanda cha makuti kinachomwa moto, wanawake wanaimba wakiwa wamevaa nguo mpya, na mgeni hapaswi kukosa chakula nyumba yoyote. Watalii huja kupiga picha moto. Wachache wanajua kwamba kinachosherehekewa ni siku ya kwanza ya kalenda ya mabaharia.

Lile kumi la Hawaii ndilo hili. Wamisri wa kale nao walikuwa na mafungu 36 ya siku kumi na siku tano juu. Na mwaka 1793 wanamapinduzi wa Ufaransa waliunda kitu kile kile na kukiita kipya: wiki ya siku kumi, kila siku ikipewa jina la mmea, mnyama au chombo cha shamba, na hata siku ya saa kumi zenye dakika mia. Haikufikisha miaka 13. Napoleon aliifuta ilipoingia 1806. Sababu moja ni kwamba mfanyakazi aliyepumzika kila siku ya saba sasa alingoja ya kumi. Miongo yetu haikumnyima mtu mapumziko, kwa kuwa haikuiondoa wiki. Iliwekwa kando yake tu.

Za kubuni, na za mbali

Mpwa wangu alinikumbusha kwamba si yeye peke yake anayebuni kalenda. J. R. R. Tolkien, kwenye viambatisho vya The Lord of the Rings, aliwapa watu wake wafupi kalenda ya miezi 12 ya siku 30, na siku za nyongeza ambazo mojawapo, ya katikati ya mwaka, si ya wiki yoyote. Kwa hiyo tarehe haibadiliki siku yake milele. Kwa kalenda ya kubuni sijaona iliyofikiriwa kwa undani zaidi, ila ni ya wakulima. Katuni ya Kijapani One Piece ya Eiichiro Oda, iliyoanza 1997, ndiyo dunia ya bahari inayojulikana zaidi kwa vijana wetu; ina hesabu yake ya miaka iitwayo Kaienreki, ila tarehe na miezi ni ile ile ya kwetu. Nafasi bado iko wazi.

Angani nako kuna ushindani. Neptune, sayari iliyopewa jina la mungu wa bahari, iligunduliwa 1846 na ikatimiza mwaka wake wa kwanza tangu hapo mwaka 2011. Europa, mwezi wa Jupiter unaoaminika kuwa na bahari kubwa chini ya barafu, huizunguka Jupiter kwa siku tatu na nusu za kwetu na huonyesha uso ule ule daima. Anayeishi upande mmoja angeiona Jupiter imesimama angani maisha yake yote bila kuchomoza wala kutua. Chombo cha Europa Clipper kilirushwa Oktoba 2024 na kitafika huko 2030.

Kijana alirudi baada ya wiki. Miezi 13 imeondoka. Watu wake sasa wanahesabu kwa makumi, na makumi hayo yanateleza, hivyo sikukuu yao ya kuondoka kwa vyombo imeangukia msimu wa dhoruba na hakuna anayekumbuka kwa nini inaitwa hivyo. Ameweka pia siku moja ambayo kisiwa kimoja kiliifuta na cha jirani hakikuifuta, na ugomvi wa mirathi uliotokana nayo. Nikamwambia sasa hapo hata mimi ningepanda chombo.

Swali lake la mwisho sikuweza kulijibu: leo ni mwongo wa ngapi? Kama kwenu, Makunduchi, Pemba, Lamu au Mafia, yupo mzee anayejua, nenda na daftari uandike anavyohesabu na anapoanzia. Usingoje Julai.